Falsafa kwa msomaji wa kawaida: Aanzie kitabu gani?

MWANAFUNZI wa uhandisi katika Chuo Kikuu cha Kilimo na Teknolojia cha Jomo Kenyatta (JKUAT), Juja, hufunzwa namna ya kukadiria uzito ambao daraja linaweza kuhimili kabla halijaporomoka. Mwenzake wa kilimo hufunzwa kiasi cha mbolea kinachohitajika katika ekari moja ya mahindi. Maswali hayo yana majibu, na majibu yenyewe hupimwa katika chumba cha mtihani.

Yapo hata hivyo maswali mengine ambayo kijana huyo hukutana nayo usiku akiwa peke yake katika chumba cha kukodi mtaani Gachororo. Je, kozi anayosomea aliichagua mwenyewe ama alichaguliwa na wazazi? Akihitimu na kukosa kazi kwa miaka mitatu, atakuwa bado mtu wa maana? Na maadamu kila mja atakufa, jitihada zote hizi ni za nini?

Maswali ya aina hii ndiyo malighafi ya falsafa, hususan ya tawi lake linaloitwa udhanaishi. Licha ya hayo, watu wengi husadiki kwamba falsafa ni milki ya maprofesa, na kwamba udhanaishi ni porojo za Wafaransa waliokuwa wakivuta sigara mikahawani baada ya Vita vya Pili vya Dunia.

Dhana zote mbili zinakanushwa na vitabu vyenyewe. Vipo vitabu vyembamba, vya lugha nyepesi, vinavyoweza kusomwa na yeyote aliyemaliza kidato cha nne. Tena kitabu kimojawapo kinachoingia ndani kabisa ya udhanaishi kiliandikwa kwa Kiswahili na kuchapishwa jijini Nairobi mnamo 1974.

Udhanaishi ni nini?

Njia rahisi ya kuelewa fikra hii ni kumtazama fundi wa jua kali mjini Thika anayetengeneza jiko la makaa. Kabla hajashika nyundo, fundi huyo tayari anajua jiko ni nini, litafanya kazi gani na litakuwa na umbo gani. Kwa jiko, lengo hutangulia na kitu chenyewe hufuata.

Mwanafalsafa Mfaransa Jean-Paul Sartre (1905-1980) alishikilia kwamba kwa binadamu mambo ni kinyume. Mtu kwanza yupo duniani, kisha kwa matendo na chaguzi zake hujijenga akawa mtu wa namna fulani. Hakuna mchoro ulioandaliwa kabla yake. Mwoga hakuzaliwa mwoga, na shujaa hakuzaliwa shujaa; kila mmoja amekuwa hivyo kutokana na aliyoyatenda.

Fikra hii huonekana ya kufurahisha mwanzoni, lakini ina mzigo mkubwa. Ikiwa mtu hujijenga mwenyewe, basi hana wa kumlaumu. Karani anayemnyima mjane huduma kisha akasema kwamba yeye ni karani tu na ameagizwa, kwa mtazamo wa Sartre anajidanganya. Anajifanya kitu kisicho na hiari, mithili ya muhuri ulio mezani pake, ilhali angeweza kukataa na kubeba gharama ya kukataa.

Ni vyema ieleweke kwamba udhanaishi si jina jingine la ukanaji Mungu. Søren Kierkegaard wa Denmark (1813-1855), anayehesabiwa kuwa baba wa mkondo huu, alikuwa Mkristo aliyesisitiza kwamba imani ya kweli ni uamuzi wa nafsi moja mbele ya Mola wake na wala si mazoea ya kwenda kanisani. Mfaransa Gabriel Marcel naye alikuwa Mkatoliki.

Albert Camus, ambaye jina lake hutajwa pamoja na la Sartre kila mara, alikataa kata kata kuitwa mdhanaishi. Hili pekee linamwonyesha msomaji mgeni kwamba hakuna chama wala kiapo hapa. Kuna watu mbalimbali waliouliza maswali yanayofanana na kupata majibu yanayotofautiana.

Mlango wa kwanza: Vitabu vya maswali

Kosa ambalo wengi hufanya ni kuanzia kwenye kilele. Msomaji husikia sifa za kitabu kikuu cha Sartre cha mwaka 1943 kuhusu kuwapo na kutokuwapo, hukitafuta, husoma kurasa kumi, kisha hukifunga na kuamini kwamba akili yake haitoshi. Kitabu hicho huwatoa jasho hata wataalamu.

Kinachofaa ni kuanza na kitabu kinachoshika swali moja moja. Mfano mzuri ni What Does It All Mean? cha Thomas Nagel, mwanafalsafa wa Marekani, kilichotoka mwaka 1987. Kina kurasa zinazokaribia mia moja tu na hushughulikia masuala tisa, yakiwemo hiari ya mtu, haki, kifo na maana ya maisha.

Nagel alifanya jambo ambalo wenzake wengi huliogopa: karibu hakutaja majina ya wanafalsafa wala historia yao. Msomaji hatwishwi Plato na Aristotle, hutwishwa swali. Hupewa sababu za upande huu na za upande wa pili, kisha huachwa aamue mwenyewe.

Kitabu kingine ni The Problems of Philosophy cha Mwingereza Bertrand Russell, cha mwaka 1912. Russell anaanza na meza iliyo mbele yake. Rangi yake hubadilika kulingana na mwanga, na umbo lake hubadilika kulingana na mahali alipo mtazamaji. Je, meza yenyewe halisi ni ipi? Kutokana na kifaa hicho kinachopatikana katika kila nyumba, anamfikisha msomaji kwenye swali la iwapo kuna jambo lolote ambalo mtu anaweza kulijua kwa hakika.

Kwa anayependa hadithi, kuna riwaya ya Jostein Gaarder wa Norway, mwalimu wa zamani wa falsafa katika shule ya upili. Riwaya hiyo, Sophie's World, ilitoka kwa Kinorwe mwaka 1991, ikafasiriwa kwa Kiingereza mwaka 1994 na baadaye ikaingia katika lugha zaidi ya 50. Msichana wa umri wa miaka 14 anapata barua zisizo na jina la mwandishi zikimuuliza yeye ni nani na dunia ilitoka wapi, na kupitia barua hizo anapitishwa katika historia nzima ya falsafa ya Ulaya.

Anayetaka historia hiyo bila ya hadithi anaweza kusoma A Little History of Philosophy cha Nigel Warburton, cha mwaka 2011. Kina sura fupi 40, kuanzia Sokrates aliyehukumiwa kifo mjini Athens mwaka 399 kabla ya Kristo hadi wanafalsafa wa zama zetu. Sura moja yaweza kumalizika ndani ya matatu kabla haijatoka Juja kufika katikati mwa Nairobi.

Kutoka swali hadi uamuzi

Baada ya mlango huo, msomaji yuko tayari kuwasikiliza wadhanaishi wenyewe. Kitabu chepesi zaidi cha Sartre ni hotuba aliyoitoa Paris Oktoba 29, 1945 na kuichapisha mwaka uliofuata, akiutetea udhanaishi dhidi ya Wakomunisti kwa upande mmoja na Wakatoliki kwa upande wa pili. Kwa Kiingereza hujulikana kama Existentialism Is a Humanism.

Katika hotuba hiyo Sartre anasimulia kisa cha mwanafunzi wake aliyemjia wakati Ufaransa ilipokuwa imetekwa na Wajerumani. Ndugu ya kijana huyo alikuwa ameuawa vitani mwaka 1940, naye alitaka kutorokea Uingereza akajiunge na majeshi ya Wafaransa waliokuwa wakiendelea kupigana. Lakini mama yake alikuwa ametengana na mumewe, amempoteza mwana mmoja, na hakuwa na tegemeo jingine ila yeye. Aende, ama abaki?

Dini ilimwambia ampende jirani, lakini haikumwambia jirani huyo ni mama au ni wenzake walio vitani. Maadili ya vitabuni yalimwambia asimtumie mtu kama chombo, lakini njia zote mbili zilikuwa na mtu ambaye angeachwa. Sartre hakumpa jibu. Alimwambia kwamba yu huru, na kwamba hana budi kuchagua.

Msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji vita vya Hitler ili kukielewa kisa hiki. Kijana aliyepata kazi Qatar au Saudi Arabia huku mama yake akiugua kijijini peke yake yuko katika njia panda iyo hiyo. Pesa za matibabu zitatoka Ghuba, lakini mkono wa kumnywesha mgonjwa maji hautumwi kwa simu. Kanuni ya jumla haimsaidii, kwa sababu kila upande una kanuni yake.

Anayetaka kuwajua watu hawa kama binadamu wenye mapenzi, magomvi na njaa, basi asome At the Existentialist Café cha Sarah Bakewell, kilichotoka mwaka 2016. Bakewell anaanzia katika baa moja ya Paris mwanzoni mwa miaka ya 1930, ambako Raymond Aron, aliyekuwa akisoma Berlin, anamweleza Sartre na Simone de Beauvoir kwamba huko Ujerumani kuna wanaofanya falsafa kutokana na kitu chochote, hata kinywaji kilicho ndani ya glasi. Kutoka hapo anafuata maisha yao hadi mauti.

Kazimoto wa Ukerewe

Haya yote hayamaanishi kwamba msomaji wa Kiswahili sharti avuke bahari. Mwaka 1974 shirika la East African Publishing House la Nairobi lilichapisha Kichwamaji, riwaya ya Mtanzania Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe (1944-2020). Wahakiki wengi wa fasihi huitaja kuwa riwaya ya Kiswahili iliyoubeba udhanaishi waziwazi.

Msimulizi wake, Kazimoto, ni mwanafunzi wa chuo kikuu. Elimu imemtoa katika imani za wazee wake lakini haikumpa kitu cha kushika badala yake. Akirudi kijijini haoni pa kusimama. Akiwa miongoni mwa wasomi anaona utupu. Rafiki yake wa utotoni, Manase, amekuwa mkuu wa wilaya, na cheo hicho hakikumfanya mtu bora. Mapenzi, ndoa na uzazi, mambo ambayo jamii huyahesabu kuwa jibu la maisha, yote yanamgeukia Kazimoto kuwa maswali.

Mwanafunzi wa leo aliyetoka Kitui au Kakamega kuja kusoma Juja hatahitaji mwalimu wa kumfasiria hali hiyo. Huu ndio ubora wa riwaya kama njia ya kuingilia falsafa: haianzi na istilahi. Mtu aweza kuimaliza Kichwamaji bila kujua neno udhanaishi, na bado akawa ameufahamu kuliko aliyekariri maana yake.

Kezilahabi aliendelea na safari hiyo katika Dunia Uwanja wa Fujo (1975), na baadaye katika Nagona (1990) na Mzingile (1991). Hizi mbili za mwisho ni fupi kwa kurasa lakini ni nzito. Hazifai kuwa za kwanza. Mwandishi mwenyewe alisomea uzamifu katika Chuo Kikuu cha Wisconsin, Marekani, na tasnifu yake ya mwaka 1985 ilihusu falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi.

Nchini Kenya, mhakiki na mwandishi Kyallo Wadi Wamitila alitoa Bina-Adamu! mwaka 2002, riwaya ya safari ambamo mhusika anapita katika pembe za dunia akitafuta chanzo cha mkosi wa kwao. Msomaji anayejua ngano za safari na mazimwi ataifuata bila taabu, huku akijikuta anauliza binadamu wa zama za utandawazi ni kiumbe wa namna gani.

Na kabla ya riwaya kulikuwa na ushairi. Katika Al-Inkishafi, Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir anauhoji moyo wake mwenyewe akiwa mbele ya magofu ya Pate: ziko wapi fahari za waliojenga majumba haya? Utenzi huo umesimama juu ya imani ya Kiislamu, na jibu lake si la Sartre wala la Camus. Swali lake, hata hivyo, ni lile lile la mtu anayetazama mwisho wake bila ya kufumba macho.

Mtu ni watu

Hapa ndipo msomaji wa Kiafrika anapopata cha kusema na si cha kupokea tu. Waswahili husema mtu ni watu. Udhanaishi wa Sartre husema kwamba mtu ni uamuzi wake. Je, kauli hizi mbili zaweza kukaa nyumba moja?

Mkenya John Mbiti, mzaliwa wa Kitui (1931-2019), aliandika mwaka 1969 kitabu African Religions and Philosophy, kinachosomeka kwa wepesi hadi leo. Mbiti alieleza kwamba katika fikra za jamii nyingi za Kiafrika mtu hupata utu wake kwa kuwa mmoja wa jamaa, wakiwemo waliokufa na ambao hawajazaliwa. Katika kitabu hicho hicho alitumia maneno ya Kiswahili, sasa na zamani, kueleza jinsi wakati ulivyofikiriwa. Nadharia yake kwamba wakati ujao wa mbali haukuwa na nafasi katika fikra hizo imepingwa na wasomi wengi, na upinzani huo wenyewe ni somo zuri la falsafa.

Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi (1944-1995) alichukua njia nyingine. Aliwaendea wazee vijijini, wengine wao wasiojua kusoma, akawahoji kuhusu Mungu, haki, kifo na usawa wa watu. Mazungumzo hayo yamo katika Sage Philosophy, kilichotoka mwaka 1990.

Oruka hakuridhika na mzee anayejua methali na mila za kwao tu. Alimtafuta yule anayeweza kuzipima na hata kuzikosoa mila hizo mbele ya watu wake. Kwa njia hiyo alionyesha kwamba kujiamulia hakukuletwa na meli kutoka Ulaya. Ndani ya jamii inayosema mtu ni watu walikuwamo daima watu waliothubutu kusimama peke yao na kuuliza kwa nini.

Kwa mwangaza huo, Kichwamaji inasomeka upya. Tatizo la Kazimoto halikuwa kwamba alifikiri mno. Alifikiri akiwa hana wa kufikiri naye. Wazee wa Oruka waliulizwa na wakasikilizwa. Kazimoto hakuwa na yeyote wa kumuuliza wala wa kumsikiliza.

Je, vitabu hivi ni hatari?

Swali hili si la mzaha. Kichwamaji inaishia kwa Kazimoto kujiua. Rosa Mistika, riwaya ya kwanza ya Kezilahabi iliyotoka mwaka 1971, nayo inaishia kwa msichana aliyelelewa na baba mkali kujitoa uhai, na iliwahi kupigwa marufuku katika shule za Tanzania. Camus naye anaifungua insha yake ya mwaka 1942 kuhusu Sisyphus kwa suala la kujiua, akilihesabu kuwa tatizo zito kuliko yote katika falsafa. Mzazi au mchungaji anayehofia kumpa kijana vitabu hivi ana sababu.

Lakini ni muhimu kutazama Camus anafikia wapi. Anamweleza mfanyakazi ambaye kila siku hurudia safari ile ile, kazi ile ile na mlo ule ule, hadi siku moja neno kwa nini linapomjia. Wengi wanaosafiri kati ya Juja na Nairobi alfajiri na kurudi usiku wanaijua siku hiyo. Baada ya kulipima suala hilo pande zote, Camus anakataa kwamba kukosekana kwa maana iliyo tayari ni sababu ya kufa. Jibu lake ni kuishi, tena kuishi kwa ukaidi na macho wazi.

Viktor Frankl, daktari wa maradhi ya akili wa Vienna aliyenusurika kambi za mateso za Wanazi, alitoa ushahidi wa aina nyingine mwaka 1946 katika kitabu kinachojulikana kwa Kiingereza kama Man's Search for Meaning. Hoja yake ni kwamba mtu aweza kuvumilia mengi akiwa na sababu ya kuishi: mtu anayemngoja, au kazi ambayo haijakamilika. Kitabu hicho ni kifupi, na kwa msomaji aliye katika majonzi kinafaa kuliko Kichwamaji.

Wasomaji Waislamu wana Al-Ghazali, aliyeacha kiti chake cha ualimu Baghdad mwaka 1095 baada ya shaka na wasiwasi kumzidi hadi sauti ikamkauka. Masimulizi yake mafupi kuhusu namna alivyotoka katika giza hilo, Al-Munqidh min al-Dalal, yanathibitisha kwamba shaka haikuwahi kuwa mali ya wasioamini pekee.

Kuwanyima vijana vitabu hakuyaondoi maswali. Huyafanya yawe siri. Kwa miaka mingi sheria ya Kenya nayo ilichangia siri hiyo. Kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu kilimhesabu aliyejaribu kujiua kuwa mhalifu anayeweza kufungwa hadi miaka miwili, hadi Januari 2025 Mahakama Kuu ilipoamua kwamba kifungu hicho kinakiuka Katiba. Aliyekuwa akihitaji msaada alikuwa na sababu ya kumwogopa polisi.

Mipaka ya kitabu nayo ijulikane. Kitabu ni mwandani mzuri wa mtu anayejiuliza maana ya maisha. Si tabibu wa mtu aliyekwisha kukata tamaa. Anayewaza kujidhuru anahitaji binadamu wa kumsikiliza: jamaa anayemwamini, mshauri wa chuo, au mhudumu wa afya katika hospitali iliyo karibu. Falsafa itamngoja.

Falsafa na vitabu vya motisha

Katika meza za wauza vitabu wa barabarani, vitabu vinavyoahidi utajiri na mafanikio ndivyo vinavyopangwa mbele. Msomaji aweza kudhani kwamba hivyo navyo ni falsafa, kwa kuwa vinazungumzia maisha.

Tofauti iko katika namna vinavyomtendea msomaji. Kitabu cha motisha huchukulia kwamba lengo la maisha linajulikana, yaani fedha au cheo, kisha hutoa hatua saba za kulifikia. Falsafa huanza hatua moja nyuma na kuuliza iwapo lengo hilo linastahili. Aliyesoma vya kwanza pekee, mambo yakienda mrama, hujiona kuwa yeye ndiye aliyeshindwa. Aliyepitia falsafa ana uwezo wa kuuliza kama kipimo chenyewe kilikuwa cha haki.

Kwa sababu hiyo, kitabu kizuri cha utangulizi hutambulika kwa mambo matatu. Huanza na swali ambalo msomaji tayari analo. Huzipa nguvu hoja za upande usioungwa mkono na mwandishi. Na kikifungwa, humwacha msomaji akiwa na uwezo wa kubishana nacho. Kinachokosa sifa hizi, hata kikiwa na jina la falsafa jaladani, ni mahubiri.

Vinapatikana vipi?

Juja ina kisa chake kuhusu vitabu. Shamba kubwa la Juja lilikuwa la William Northrup McMillan, tajiri mzaliwa wa Marekani, na Rais mstaafu wa nchi hiyo, Theodore Roosevelt, alipokewa hapo mwaka 1909. Baada ya McMillan kufariki, mjane wake alijenga maktaba ya ukumbusho jijini Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 1931. Wakati wa ukoloni Waafrika hawakuruhusiwa kusoma humo. Ni baada ya baraza la jiji kuichukua ndipo ilipofunguliwa kwa wote.

Kizuizi cha rangi kiliondoka, kikabaki cha bei. Vitabu vingi vilivyotajwa hapa huagizwa kutoka ng'ambo, na Sheria ya Kodi ya Ongezeko la Thamani ya mwaka 2013 iliongezea vitabu kodi ya asilimia 16. Kwa mwanafunzi anayehesabu pesa za chakula, kitabu kipya cha falsafa ni anasa.

Njia hata hivyo zipo. Maktaba za chuo, na maktaba ya umma iliyoko Thika, hazimdai msomaji bei ya kitabu. Vitabu vya mitumba vya Kiingereza hupatikana kwa bei ya chini kwa mwenye subira ya kuchakura. Kitabu cha Russell cha mwaka 1912 pamoja na maandishi ya Plato kuhusu kesi ya Sokrates hutolewa bure na kihalali kwenye tovuti ya Project Gutenberg, na husomeka hata kwenye simu.

Utaratibu unaoweza kupendekezwa ni huu: aanze na Nagel au Gaarder, kulingana na anavyopenda hoja au hadithi. Kisha asome hotuba ya Sartre, ambayo humalizika kwa siku moja. Halafu achukue Kichwamaji, na baada yake Mbiti na Oruka ili ajibizane na yote aliyoyasoma. Bakewell na Camus watafuata kwa wakati wao.

La muhimu zaidi ni kutosoma peke yake. Watu watatu au wanne wenye nakala moja, wanaokutana Jumamosi na kuulizana swali moja tu kutoka katika sura moja, watafika mbali kuliko msomi aliyejifungia na rafu nzima. Sokrates hakuacha hata ukurasa mmoja alioandika. Alichofanya ni kuzungumza na watu sokoni, na Odera Oruka aliukuta ustadi huo huo ukiendelea katika vijiji vya Kenya.